Kupe kaanguka, homa imebaki: kutafuta chanzo kwa kufuata dalili

Ng'ombe akishikwa na homa, watu wengi humkagua masikioni na chini ya mkia, wasipoona kupe husema ugonjwa huu hautokani na kupe. Huko ni kupotea njia tangu mwanzo. Magonjwa mengi ya kupe hujitokeza wiki moja, mbili au zaidi baada ya kupe mwenyewe kushiba na kuanguka. Kinyume chake pia hutokea: mnyama amejaa kupe, kumbe anaumwa nimonia ya kawaida. Kwa sababu hiyo hapa tunaanza na dalili, kisha tunarudi nyuma kumtafuta kupe anayehusika nazo.

Kupe tunaowazungumzia ni wale wenye ngao ngumu mgongoni, jamii ya Ixodidae, ambayo ina spishi zaidi ya 700. Papasi hawamo. Papasi ana ngozi laini, hujificha kwenye nyufa za kuta na sakafu, hutoka usiku kunyonya kwa muda mfupi na kurudi mafichoni, na homa anayoleta ni ya namna nyingine. Kupe mgumu akishaingiza mdomo haondoki upesi. Akiwa mchanga hukaa siku chache. Jike mzima hukaa wiki nzima au zaidi.

Muda huo wa kung'ang'ania una maana kubwa. Vimelea vingi havimo tayari mdomoni mwa kupe. Huanza kukomaa kwenye tezi zake za mate baada ya yeye kuanza kunyonya. Kimelea cha ndigana kali, ugonjwa wa ng'ombe unaovimbisha tezi, huhitaji siku tatu hadi tano hivi kabla ya kuwa tayari kuambukiza. Bakteria wa ugonjwa wa Lyme kwa kawaida huhitaji zaidi ya saa 24. Lakini virusi vya homa ya ubongo inayoenezwa na kupe, ugonjwa wa Ulaya na Asia, havingoji: huweza kupita ndani ya dakika chache. Kumtoa kupe mapema basi huokoa mara nyingi, ila si kinga ya kila kitu.

Kabla ya kushika sindano, pata majibu ya mambo matatu. Mnyama ana umri gani? Amezaliwa hapo au ameletwa kutoka eneo lisilo na kupe? Na katika wiki tatu zilizopita, kupe waliokuwa wakionekana walikuwa wa aina gani na walikaa sehemu gani ya mwili? Swali la pili ndilo linalosahaulika, na ndilo linaloeleza vifo vingi. Ndama aliyezaliwa kwenye eneo lenye kupe huambukizwa mkojo mwekundu na ndigana baridi, magonjwa mawili yanayopunguza damu, akiwa bado mdogo, huugua kidogo au asiugue kabisa, akakua na kinga. Ng'ombe mzima aliyenunuliwa kutoka mahali pasipo na kupe hana kinga hiyo, na mara nyingi ndiye wa kwanza kulala chini.

Homa kali, na tezi chini ya sikio zimevimba

Ukiwa mashariki, kati au kusini mwa Afrika, wazo la kwanza ni ndigana kali. Anayeieneza ni kupe wa kahawia wa masikio, *Rhipicephalus appendiculatus*. Kupe wazima wa aina hii hupenda sikio, ndiyo maana tezi iliyo chini ya sikio huvimba kwanza, kisha ile ya mbele ya bega. Papasa pande zote mbili na ulinganishe. Tezi iliyovimba huteleza chini ya ngozi, ngumu kidogo, na mara nyingine huonekana kwa macho hata kabla hujagusa.

Halijoto ya ng'ombe mzima ni takriban nyuzi 38 hadi 39.3 za Selsiasi. Kwenye ndigana kali hupanda hadi 40, 41, hata 42, wakati mnyama bado anakula. Hapo ndipo pa kumwahi. Baadaye huacha kucheua, machozi hutiririka, jicho huweza kuingia ukungu, na mwishowe hukohoa na kupumua kwa shida, mapovu yakitoka puani kwa sababu mapafu yamejaa maji. Ukifika kwenye mapovu, dawa yoyote ni bahati nasibu.

Sasa jambo linalogharimu ng'ombe wengi: sindano ya antibayotiki ya oksitetrasaiklini kwa kila homa. Dawa hiyo inatibu ndigana baridi, inasaidia maji moyo (ugonjwa tutakaoueleza mbele) ikiwahi, lakini ndigana kali ikishaonyesha dalili haiiponyi. Mfugaji huchoma siku ya kwanza, husubiri siku ya pili, huongeza dozi siku ya tatu, na buparvakwoni, ambayo ndiyo dawa yenyewe, huja wakati mapafu yameshajaa. Dhana kwamba oksitetrasaiklini inatibu ndigana kali ina asili yake. Oksitetrasaiklini ya kukaa muda mrefu mwilini hutumika kwenye chanjo ya ndigana kali iliyotokana na utafiti uliofanyika Muguga, Kenya: ng'ombe hupewa vimelea hai na dawa hiyo kwa wakati mmoja, dawa huvipunguza kasi, na mwili hupata nafasi ya kujenga kinga. Inafanya kazi kwa sababu dawa inaingia pamoja na vimelea. Wiki mbili baadaye mambo ni mengine.

Tezi zikiwa zimevimba ila huna uhakika, mwombe daktari wa mifugo achomoe majimaji ya tezi kwa sindano, ayapake kwenye kioo na kuyatazama kwa darubini. Damu peke yake siku za mwanzo huweza isionyeshe kitu. Na kama malisho yenu yanakutana na ya nyati, mweleze: nyati hubeba kimelea hicho bila kuugua, na ng'ombe akikipata kutoka kwao huweza kufa haraka hata kabla tezi hazijavimba sana.

Homa, tezi ni za kawaida, lakini ufizi umepauka

Funua kope la chini na utazame utando wa ndani, halafu ufizi, halafu uke kwa jike. Weupe maana yake damu imepungua. Manjano maana yake chembe za damu zinavunjwa kwa wingi. Ukiona hivyo bila tezi kuvimba, umebaki na wawili wa kuchagua: ndigana baridi au mkojo mwekundu. Mkojo wenyewe ndio utakaoamua.

Mkojo ukiwa wa rangi ya kahawa au damu ya mzee, ni babesia, kimelea cha ugonjwa wa mkojo mwekundu. Kimelea hupasua chembe nyekundu ndani ya mishipa, rangi yake ikatoka na mkojo. Kinga mkojo kwenye chupa safi na uuache utulie kwa muda. Ikiwa wekundu unashuka chini na juu kunabaki kweupe, hiyo ni damu halisi, tafuta jeraha au ugonjwa kwenye kibofu na figo. Ikiwa rangi imebaki sawasawa chupa nzima, chembe zimepasuka. Hata hivyo babesia si chanzo pekee: bakteria wa leptospira hufanya hivyo, na ndama aliyekunywa maji mengi mno baada ya kiu kali naye hukojoa mwekundu.

Mkojo ukiwa wa manjano iliyokolea lakini si mwekundu, kinyesi kikavu na kigumu, mnyama amekonda kwa siku chache na si ndama tena, elekeza macho kwenye ndigana baridi. Hapa vimelea havipasui chembe ndani ya mishipa. Wengu ndio huziondoa, kwa hiyo rangi haifiki kwenye mkojo. Mchukulie mgonjwa huyu taratibu. Ng'ombe aliyepungukiwa damu hivyo ukimkimbiza hadi kwenye josho au kumwangusha ili umchome sindano huweza kufa mikononi mwako kwa kukosa hewa, na lawama zikaishia kwenye dawa.

Magonjwa yote mawili huenezwa na kupe wa bluu, na tabia ya kupe huyu inafaa kujulikana. Akishapanda juu ya ng'ombe akiwa lava wa miguu sita, hashuki mpaka awe jike aliyeshiba, kama wiki tatu hivi. Kupe asiyehama mnyama angewezaje kueneza ugonjwa? Mwaka 1893 Theobald Smith na Fred Kilborne wa Marekani walichapisha jibu walipochunguza homa ya ng'ombe ya Texas: kimelea hupita kwenye mayai, lava wakaanguliwa wakiwa nacho tayari. Hiyo ilikuwa mara ya kwanza kuthibitishwa kwamba mdudu mwenye miguu ya viungo anaweza kupitisha ugonjwa wa mamalia. Kwa mfugaji maana yake ni kwamba malisho yaliyoachwa bila ng'ombe kwa wiki chache bado yana lava wenye babesia wakining'inia kwenye ncha za majani.

Ndigana baridi ina mlango mwingine ambao hauhusu kupe hata kidogo: damu. Sindano moja kwa kundi zima, kisu cha kukatia pembe kisichosafishwa, nzi wanaouma. Ukiona wanyama kadhaa wanaugua wiki chache baada ya chanjo au kuhasi, usianze na josho, anza na sindano.

Anatembea ajabu, anazunguka, anatafuna bila kitu mdomoni

Usimtie mkono mdomoni. Kabla ya kupe, fikiria kichaa cha mbwa, hasa kama anatoa mate na sauti imebadilika. Hilo likiwezekana hata kidogo, mfunge mbali na umwite daktari wa mifugo.

Likishaondolewa hilo, mbuzi au kondoo mwenye homa kali anayenyanyua miguu juu kupita kiasi anapotembea, anayepepesa macho, kisha kuanguka upande na kupiga teke hewani, inaelekea ana maji moyo. Bakteria wake, *Ehrlichia ruminantium*, hubebwa na kupe wakubwa wa madoadoa wa jamii ya *Amblyomma*, ambao huganda kifuani, kwenye kiwele, kinenani na katikati ya kwato. Wakati mwingine hakuna dalili yoyote, unamkuta amekufa asubuhi. Akipasuliwa, mfuko unaozunguka moyo hukutwa umejaa maji ya rangi ya majani makavu. Sampuli inayothibitisha hutoka kwenye ubongo, kwa hiyo mzoga usizikwe kabla mtaalamu hajafika.

Kwa ng'ombe, kuzunguka kwa kuelekea upande mmoja huweza kuwa ndigana kali iliyoingia kwenye mishipa ya ubongo, na babesia ya aina ya *bovis* nayo huleta dalili za kichwa bila mkojo kuwa mwekundu sana. Hapo macho hayatoshi. Kipimo ni lazima.

Miguu imelegea, homa hakuna

Kulegea kunakoanza miguu ya nyuma na kupanda mbele, mnyama akiwa na akili timamu na joto la kawaida, ni sumu ya mate ya kupe. Haina kimelea. Msake kupe kwa vidole, sehemu baada ya sehemu: nyuma ya masikio, shingoni chini ya manyoya, kati ya vidole, chini ya mkia. Huko Amerika ya Kaskazini mgonjwa huanza kunyanyuka ndani ya saa chache au siku moja baada ya kupe kutolewa. Australia, ambako mhusika ni *Ixodes holocyclus*, hali huweza kuendelea kuwa mbaya hata baada ya kumtoa, na mbwa anahitaji dawa ya kupinga sumu. Watoto hupata hali hii pia, na kupe mara nyingi hukutwa kichwani ndani ya nywele.

Mnyama mwenye kupe tele, bila homa wala dalili nyingine, amedhoofika tu? Huenda ananyonywa damu kuliko anavyoweza kuirudisha. Usimtafutie ugonjwa.

Mbwa anatoka damu puani

Kupe wa kahawia wa mbwa, *Rhipicephalus sanguineus*, anaweza kumaliza maisha yake yote ndani ya nyumba: yai ukutani, lava kwenye zulia, mzima juu ya mbwa. Anaeneza *Ehrlichia canis*. Wiki za kwanza mbwa huwa na homa, hukosa hamu ya kula, halafu hujiponea, au ndivyo inavyoonekana. Bakteria hubaki. Miezi au hata miaka baadaye ufizi hupauka, madoa ya damu hutokea tumboni, pua hutoka damu. Mwenye mbwa hapati picha ya kupe aliyemuuma mwaka juzi, ndiyo maana huzungushwa kwenye matibabu ya mambo mengine. Mbwa mwenye ufizi mweupe na mkojo mwekundu, kama ng'ombe, afikiriwe babesia, na apelekwe kwa daktari wa mifugo siku hiyo hiyo.

Onyo moja hapa: dawa za permethrini za kumpaka mbwa huua paka. Na amitrazi ya kuogeshea ng'ombe isimwagikie farasi. Utumbo wake husimama.

Kwa binadamu

Homa baada ya kuumwa na kupe haina sura moja, ila vitu vitatu husaidia: kidonda, upele na mahali ulipokuwa.

Ukiona kidonda kidogo chenye gamba jeusi katikati, wakati mwingine viwili au vitatu, tezi za kinena zimevimba, kichwa na misuli inauma, na siku tano hadi kumi zilizopita ulikuwa kwenye nyasi za mbuga au malisho kusini mwa Sahara, fikiria homa ya kupe ya Afrika, inayoletwa na *Rickettsia africae*. Kupe wake ni wale wale wa madoadoa wanaoeneza maji moyo, na hawa hawangojei upite kwenye jani. Hukufuata kwa miguu. Hutibika vizuri kwa doksisaiklini. Kidonda hicho hakiumi, kwa hiyo wengi hawakioni mpaka daktari awaambie wavue soksi. Kwenye maeneo ya malaria, kipimo cha malaria kifanyike vilevile, lakini kikitoka hasi msiishie hapo.

Doa linalopanuka polepole kwa siku kadhaa hadi kupita sentimita 5, likitokea siku 3 hadi 30 baada ya kuumwa, ni la ugonjwa wa Lyme, kama ulikuwa Amerika ya Kaskazini, Ulaya au sehemu za Asia zenye kupe wa jamii ya *Ixodes*. Kipele kidogo kinachotokea siku hiyo hiyo na kupotea baada ya siku mbili ni mwasho wa mate tu. Vitabu huonyesha doa jekundu lenye duara. Kwenye ngozi nyeusi huweza kuonekana kama chubuko la zambarau au kahawia, na wengi huchelewa kutibiwa kwa sababu hiyo. Doa likionekana wazi, daktari hahitaji kusubiri kipimo cha damu, maana wiki za kwanza kipimo mara nyingi hutoka hasi.

Upele unaoanza kwenye vifundo vya mikono na miguu, siku chache baada ya homa kali, katika mabara ya Amerika, ni jambo la haraka. Homa ya madoa ya Rocky Mountain huua ndani ya siku chache, na doksisaiklini hutolewa kwa kushuku tu, hata kwa mtoto mdogo. Kungoja upele utokee ndipo dawa ianze ni kosa.

Homa ya ghafla pamoja na kutoka damu kwenye ufizi, puani au chini ya ngozi, kwa mtu aliyechinja, aliyekamua au aliyepasua kupe kwa kucha: fikiria homa ya Crimea na Kongo. Kupe wa jamii ya *Hyalomma* ndio wabebaji, na ng'ombe, mbuzi au kondoo mwenye virusi haonyeshi ugonjwa wowote. Huua kati ya asilimia 10 na 40 ya wanaougua kwenye milipuko. Anayemhudumia mgonjwa asiguse damu bila glavu, na kituo cha afya kiambiwe kabla hajafikishwa.

Kuna hali moja isiyo ya homa kabisa: mtu anayepata vipele, kuvimba au kubanwa pumzi saa mbili hadi sita baada ya kula nyama ya ng'ombe, mbuzi au nguruwe, ilhali kuku na samaki havimdhuru. Mate ya baadhi ya kupe, hasa *Amblyomma americanum* wa Marekani, hufundisha mwili kuikataa sukari iliyomo kwenye nyama ya mamalia.

Kumtoa kupe ni kwa kibano chembamba: shika karibu kabisa na ngozi, vuta moja kwa moja bila kukata ghafla, osha kwa sabuni. Moto wa kiberiti, mafuta ya taa na mafuta ya mgando huchelewesha tu, na kupe aliyekerwa huweza kutema zaidi. Kipande cha mdomo kikibaki, kiache. Ngozi itakisukuma nje. Mpige kupe picha na uandike tarehe.

Naogesha kila mara, kupe hawaishi

Kabla ya kusema dawa imeshindwa, kagua mkono unaoichanganya. Kifuniko cha chupa si kipimo. Ng'ombe mzima anayenyunyiziwa kwa pampu ya mkono anahitaji lita 5 hadi 10 za dawa iliyochanganywa, mpaka idondoke tumboni. Nusu lita mgongoni hulowesha manyoya tu. Masikio kwa ndani, chini ya mkia, kwapa na kiwele ndipo kupe walipo, na ndipo pampu isipofika. Kwenye josho, mvua na tope la kinyesi hubadili nguvu ya dawa hata kama uliipima vizuri mwanzoni.

Ratiba ndiyo ya pili. Kupe wa masikio mzima hushiba kwa wiki moja hivi. Ukiogesha kila baada ya wiki mbili, wengine watapanda, watashiba na kushuka kutaga maelfu ya mayai bila kuonja dawa.

Haya yote yakiwa sawa, angalia saa 48 baada ya kuogesha. Kupe wa masikio wamekufa lakini wa bluu wako hai na wananenepa? Hiyo ni dalili ya usugu. Kupe wa bluu hupata usugu mapema kwa kuwa vizazi vyake ni vifupi na maisha yake yote ya kunyonya yako juu ya ng'ombe, chini ya dawa. Badili dawa, lakini soma kiambato kilichoandikwa kwa herufi ndogo, usitazame jina kubwa: saipamethrini, deltamethrini na flumethrini ni za ukoo mmoja, na kuhama kutoka moja kwenda nyingine huwa ni kubadilisha chupa tu. Amitrazi ni ya ukoo mwingine. Usichanganye mbili kwenye pampu moja, maana utajenga usugu wa zote na kumtia sumu anayenyunyizia.

Usugu mara nyingi huingia bomani kwa miguu minne. Ng'ombe aliyenunuliwa aogeshwe kabla ya kuchanganywa na wengine, atengwe, na akaguliwe siku ya pili na ya tatu. Akiwa bado na kupe hai wa bluu, aogeshwe tena kwa dawa ya ukoo mwingine huko huko alikotengwa.